Usingizi Usio na Ndoto: Filamu Fupi za Kifaransa, Malale na Historia ya Maradhi katika Njia ya Misafara ya Tabora

Ikisiri

Insha hii inachunguza jinsi usingizi na ndoto vilivyotenganishwa katika historia ya ugonjwa wa malale magharibi mwa Tanzania. Inaanza na filamu fupi mbili za Kifaransa, moja ya mwaka 1896 na nyingine ya mwaka 1909, ambazo zinaonesha mgawanyo huo kwa uwazi: ya kwanza ilionesha ndoto bila maradhi, na ya pili ilionesha vimelea bila mtu aliyelala. Kisha inafuatilia mgawanyo huo Tabora, kutoka siku za misafara hadi makazi ya kudhibiti malale ya enzi ya Waingereza. Hoja kuu ni kwamba jina la “ugonjwa wa usingizi” lilibeba taswira iliyotoka Ziwa Victoria na Kongo, ambayo haikulingana na aina ya malale iliyoenea Unyamwezi. Taswira hiyo iliwafanya wagonjwa wengi wasitambulike, na pia ilifuta ndoto katika orodha ya mambo yanayostahili kuulizwa na kuandikwa.

1. Utangulizi

Isevya ni kata ya mjini katika Manispaa ya Tabora. Mji huo ulikua katika karne ya 19 ndani ya himaya ya Unyanyembe, mahali ambapo njia ya misafara kutoka Bagamoyo iligawanyika: tawi moja likielekea Ujiji na Ziwa Tanganyika, jingine likielekea kaskazini hadi Karagwe na Buganda. Wapagazi wa Kinyamwezi, wafanyabiashara wa Kiarabu na Waswahili wa pwani, pamoja na watu waliotoka Manyema, waliacha alama zao katika lugha, dini na tiba za mji huu.

Kwa mtazamo wa elimu ya mbung'o, mitaa kama Isevya haina hatari kubwa. Ardhi yake imefyekwa na kujengwa kwa muda mrefu, na mbung'o, ambaye wenyeji humwita pia ndorobo, huhitaji kivuli na kichaka. Hata hivyo, Tabora imezungukwa na misitu ya miombo, na misitu hiyo ni sehemu ya uchumi wa mji: asali, nta, mbao, kuni na uwindaji. Mrina asali hukaa kambini kwa majuma kadhaa kisha hurudi nyumbani. Aina ya malale inayopatikana Tanzania huchukua kwa kawaida kati ya wiki moja na wiki tatu kuonesha dalili baada ya mtu kuumwa. Kwa hiyo mtu huumwa na mbung'o porini, lakini huugua kitandani mwake mjini. Historia ya malale iliyoandikwa kwa kufuata ramani ya vichaka huishia pale mbung'o anapoishia. Ikiandikwa kwa kufuata mahali watu wanapolala, haina budi kuingia katika nyumba za Isevya.

Wanahistoria wameieleza vyema upande wa ikolojia na wa utawala. John Ford, katika kazi yake ya mwaka 1971, alionesha kwamba jamii za Kiafrika zilikuwa na namna zao za kuishi na mbung'o kabla ya ukoloni kuvuruga uwiano huo. Helge Kjekshus, mwaka 1977, aliipeleka hoja hiyo katika historia ya Tanganyika. Maryinez Lyons, Kirk Hoppe na Mari Webel wameongeza uchambuzi wa siasa za udhibiti wa malale katika Kongo na katika maeneo ya maziwa makuu. Jambo ambalo insha hii inalishughulikia ni dogo zaidi kwa sura, lakini lina uzito wake: katika ugonjwa ulioitwa kwa jina la usingizi, usingizi wenyewe uliangaliwa vipi, na na nani?

2. Filamu mbili na usingizi uliogawanywa

Mwaka 1896, mwaka mmoja baada ya ndugu wa Lumière kuonesha picha zinazotembea mbele ya hadhira mjini Paris, Georges Méliès alitengeneza filamu ya takriban dakika moja iliyoitwa Le Cauchemar, yaani jinamizi. Mtu amelala kitandani. Mwanamke anatokea, kisha anageuka kuwa mtu aliyepakwa uso rangi nyeusi, kisha anageuka tena kuwa mchekeshaji wa mavazi meupe. Mwezi mkubwa unaingia dirishani na kumng'ata mlalaji mkono. Hatimaye anaamka na kukuta kitanda chake kiko salama. Ndoto katika filamu hii ni mchezo wa macho. Haina ujumbe, haitoki kwa yeyote na haimdai mlalaji kufanya lolote baada ya kuamka. Sura ya “mtu mweusi” nayo imo kama kioja tu, miongoni mwa vioja vingine vya usiku.

Miaka 13 baadaye ilitokea filamu ya namna nyingine kabisa. Daktari Jean Comandon, aliyekuwa akichunguza vimelea vya kaswende katika hospitali ya Saint-Louis mjini Paris, aliungana na kampuni ya Pathé na kufaulu kupiga picha za sinema kupitia hadubini. Mwezi Oktoba 1909 kazi yake ilioneshwa mbele ya Akademia ya Sayansi ya Ufaransa. Miongoni mwa viumbe vilivyoonekana humo ni trypanosoma, jamii ya vimelea inayosababisha malale kwa binadamu na nagana kwa ng'ombe. Watazamaji waliona viumbe hai vikijinyonganyonga na kuzisukuma chembe za damu. Ilikuwa hatua kubwa ya sayansi, kwa kuwa mwendo wa kimelea haukuweza kuoneshwa kwa michoro wala kwa picha mgando.

Filamu hizi mbili zikiwekwa pamoja zinaonesha mgawanyo wa kazi. Katika ya kwanza kuna kitanda, usiku na ndoto, lakini hakuna ugonjwa. Katika ya pili kuna kisababishi cha ugonjwa, lakini hakuna mgonjwa, hakuna kitanda na hakuna usiku. Mwaka huohuo wa 1909, katika eneo la Ziwa Victoria ndani ya Afrika Mashariki ya Wajerumani, Friedrich Kleine alithibitisha kwamba trypanosoma hupitia mzunguko wa ukuaji ndani ya mwili wa mbung'o kabla ya kuambukiza tena. Kwa ugunduzi huo, macho ya madaktari yalielekezwa kwa mdudu na damu. Mgonjwa aliyelala alibaki kuwa kielelezo cha jina la ugonjwa tu.

3. Homa na ndoto katika njia ya misafara

Huko Unyamwezi mgawanyo huo haukuwapo. Vitabu vya wasafiri wa Ulaya waliokaa Tabora vinathibitisha jambo hilo bila kukusudia. Richard Burton na John Speke walifika Kazeh, jina walilolitumia kwa mji huo, mwezi Novemba 1857 wakiwa wamedhoofishwa na homa. Henry Morton Stanley alifika Kwihara, karibu na Tabora, mwezi Juni 1871, akaugua homa aliyoiita kwa jina alilolisikia kwa watu wa msafara, mukunguru. Katika kitabu chake cha mwaka 1872 alieleza maono ya maisha yake ya nyuma yaliyompitia akiwa hajitambui, na akakiri kwamba alipoteza hesabu ya siku. Tarehe mashuhuri ya kukutana kwake na Livingstone huko Ujiji imebaki na utata hadi leo kwa sababu hiyo. Hapa homa, usingizi na ndoto viliathiri hata kalenda ya historia.

Wapagazi na wenyeji walikuwa na utaratibu wao wa kuyasoma mambo kama hayo. Katika utamaduni wa Wanyamwezi na majirani zao Wasukuma, mizimu ya wahenga ilikuwa na njia kuu mbili za kudai haki yake: maradhi na ndoto. Mtu aliyeugua kwa muda mrefu alipelekwa kwa mfumu, na mfumu alitafuta chanzo kwa kupiga ramli, mara nyingi kwa kuchunguza matumbo ya kuku. Aliyemwona babu yake ndotoni alihesabiwa kuwa amepewa taarifa. Ugonjwa ulioambatana na ndoto za kurudiarudia ungeweza kufasiriwa kuwa ni wito wa mtu kuwa mfumu, au wa kuingizwa katika chama cha Waswezi. Vibanda vidogo vya mizimu vilivyojengwa uani vilikuwa mahali pa kujibu madai hayo kwa matambiko.

Uislamu, ulioingia Tabora pamoja na misafara na kustawi katika mitaa ya mji, ulikuja na elimu yake ya ndoto. Mapokeo ya Kiislamu hugawa ndoto katika mafungu matatu: inayotoka kwa Mwenyezi Mungu, inayotoka kwa shetani, na inayotokana na mawazo ya mtu mwenyewe. Vitabu vya tafsiri ya ndoto vinavyonasibishwa na Ibn Sirin vimesomwa kwa karne nyingi katika ulimwengu wa Kiislamu, na desturi ya kuswali istikhara ilimfanya mwenye kukabiliwa na uamuzi mzito atazamie uongofu ambao wengi waliamini huweza kuja usingizini. Mfumu na shehe walitofautiana kuhusu mtumaji wa ndoto. Hawakutofautiana kwamba ndoto ya mgonjwa ni jambo la kuulizwa.

4. Jina lililohama

Janga kubwa la malale lililoutisha utawala wa kikoloni lilitokea Uganda na visiwa vya Ziwa Victoria mwanzoni mwa karne ya 20, likaua watu wanaokadiriwa kuzidi 200,000. Mwaka 1903 Aldo Castellani alitoa taarifa ya kuona trypanosoma katika ugiligili wa uti wa mgongo wa wagonjwa huko Entebbe, na David Bruce akahusisha ugonjwa na mbung'o wa kandokando ya maji. Robert Koch alifanya utafiti katika visiwa vya Sese mwaka 1906 na 1907, akitumia dawa ya atoxyl yenye aseniki, ambayo iliwapofusha baadhi ya wagonjwa. Katika mazingira hayo taswira ya mgonjwa wa malale ilikamilika: mtu aliyekonda, aliyelala mchana kutwa, asiyeweza hata kula bila kuamshwa.

Taswira hiyo ililingana na ugonjwa unaokwenda polepole, ambao huweza kukaa mwilini kwa miaka. Mwaka 1910 Stephens na Fantham walieleza kimelea cha aina nyingine, Trypanosoma rhodesiense, kutoka kwa mgonjwa aliyeambukizwa katika bonde la Luangwa. Aina hii husambazwa na mbung'o wa porini, huishi pia katika wanyama wa mwituni na mifugo, na mwendo wake ni wa kasi. Mgonjwa asiyetibiwa huweza kufa katika muda wa miezi michache, au hata wiki kadhaa. Wengi hupatwa na homa kali, maumivu ya kichwa, uvimbe na udhaifu wa moyo, na huweza kufa kabla dalili za usingizi hazijajitokeza waziwazi.

Hiyo ndiyo aina iliyoenea magharibi mwa Tanganyika. Mazingira ya kuenea kwake yaliandaliwa mapema. Sotoka ya mwanzoni mwa miaka ya 1890 iliua ng'ombe kwa wingi. Vita vya kumshinda Mtemi Isike wa Unyanyembe viliisha mwezi Januari 1893. Reli ya kati ilipofika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914 iliufuta uchumi wa misafara. Na vita vya mwaka 1914 hadi 1918 viliwachukua wanaume kuwa wapagazi na kuacha mashamba yageuke vichaka. Mwaka 1922 mlipuko ulitambuliwa Maswa, na katika miaka iliyofuata wagonjwa waligunduliwa katika maeneo mengine ya magharibi, yakiwemo ya Kahama na Tabora.

Neno malale, linalohusishwa na kitenzi kulala, lilihama pamoja na taswira yake. Athari yake ni rahisi kuielewa. Jamaa wa mgonjwa aliyeambiwa kwamba malale ni ugonjwa wa kulala hakuwa na sababu ya kumshuku mrina asali aliyerudi kutoka porini na homa, ambaye tatizo lake usiku lilikuwa kutolala kabisa. Homa hiyo ilifanana na malaria. Kwa hiyo jina lenyewe, kwa kutaja dalili ya mwisho, liliificha dalili ya kwanza, na dalili ya kwanza ndiyo iliyotoa nafasi nzuri zaidi ya tiba.

5. Kile ambacho utawala ulikiona

Jibu la utawala wa Kiingereza, lililoongozwa na Dkt. George Maclean katika miaka ya 1920 na 1930, lilikuwa kuwakusanya watu waliokuwa wakiishi kwa kutawanyika katika miombo na kuwaweka katika makazi yaliyofyekwa. Mantiki yake ilikuwa na msingi wa kiikolojia: watu wengi wanaolima pamoja huondoa kichaka, na mbung'o hukosa pa kuishi. Katika maeneo mengi mpango huo ulipunguza maambukizi, na haitakuwa haki kuuhukumu bila kulitaja hilo.

Lakini kuhama kulikuwa na gharama ambayo haikuwa na safu katika majedwali. Waliohamishwa waliacha makaburi, miti ya matambiko na vibanda vya mizimu. Kwa watu wanaoamini kwamba wahenga huzungumza ndotoni na hujibiwa mahali maalumu, kuondolewa mahali hapo kulimaanisha kukatiwa upande mmoja wa mazungumzo: mizimu iliweza kuendelea kuja usingizini, ilhali mahali pa kuijibu pamegeuka kuwa pori. Sera iliyokusudia kuponya maradhi iliondoa mojawapo ya vyombo ambavyo watu walivitumia kuyaelewa maradhi hayohayo.

Utafiti wa maabara ulikwenda sambamba. Huko Tinde, kati ya Nzega na Shinyanga, jaribio lililoanza mwaka 1934 lilipitisha kimelea kutoka mnyama hadi mnyama kwa njia ya mbung'o kwa muda wa miaka 18, ili kujua kama kitapoteza uwezo wa kumwambukiza binadamu. Kipimo cha mwisho kilikuwa mwili wa binadamu: watu waliotajwa katika ripoti kuwa wamejitolea waliumwa na mbung'o wenye vimelea, kisha wakatibiwa. Jaribio lilithibitisha kwamba kimelea hakikupoteza uwezo huo, jambo lililokuwa na maana kubwa kwa kuelewa nafasi ya wanyamapori. Hata hivyo swali la msingi la Tinde lilikuwa lilelile la filamu ya Comandon: je, kimelea kipo hai katika damu?

Desturi ya kupanga makazi ndani ya nchi ya mbung'o haikuisha na ukoloni. Mpango wa karanga ulifyeka sehemu ya Urambo baada ya mwaka 1947. Makazi ya wakimbizi wa Burundi yalifunguliwa Ulyankulu baada ya machafuko ya mwaka 1972. Na operesheni ya vijiji ya katikati ya miaka ya 1970 iliwakusanya tena wakulima. Kila mara ramani ya makazi ilichorwa upya, na kila mara warina asali waliendelea kuvuka mpaka wa eneo lililofyekwa kwa sababu asali haipatikani katika ardhi isiyo na miti.

6. Usingizi unaporudi katika sayansi

Jambo la kushangaza ni kwamba sayansi yenyewe ilirudi kwenye ndoto kwa njia yake. Mwishoni mwa miaka ya 1950, Michel Jouvet wa Lyon, Ufaransa, alieleza hali aliyoiita usingizi kinzani: ubongo unafanya kazi kama wa mtu aliye macho huku misuli ikiwa imelegea, na ndoto nyingi zilizo wazi hutokea katika hali hiyo. Baadaye Alain Buguet na wenzake walipima usingizi wa wagonjwa wa malale katika Afrika ya Magharibi na ya Kati kwa kurekodi mawimbi ya ubongo mchana na usiku. Walichokikuta kinapingana na jina la ugonjwa. Kwa jumla ya saa 24 mgonjwa halali zaidi sana kuliko mtu mzima wa afya. Kinachoharibika ni mpangilio. Usingizi hutapakaa vipandevipande katika mchana na usiku. Aidha, mgonjwa huweza kuingia katika usingizi kinzani mara tu anaposinzia, bila kupitia hatua zinazotangulia kwa kawaida.

Vipimo hivyo vilifanywa kwa wagonjwa wa aina ya polepole, na haifai kuvihamishia Tabora bila tahadhari. Hata hivyo vinabadilisha uzito wa ushahidi. Ikiwa malale yanavunja mlango wa kawaida kati ya kukesha na usingizi wa ndoto, basi swali la mfumu, “Unaota nini, na unaota wakati gani?”, halikuwa la imani tupu. Liligusa mahali ambapo ugonjwa unafanya kazi. Haina maana kwamba mfumu alijua habari za trypanosoma, wala kwamba ramli ingeweza kuponya. Bila dawa ugonjwa huu huua karibu kila aliyeupata. Maana yake ni kwamba taarifa muhimu ilikuwa ikikusanywa katika uwanja mmoja wa tiba na kupuuzwa katika uwanja mwingine.

Suala hili halijawa la zamani tu. Wagonjwa wa malale Tanzania wamepungua sana, lakini upungufu huo wenyewe una hatari yake: mganga wa zahanati ambaye hajawahi kuona mgonjwa wa malale huelekea kuiita kila homa malaria. Kwa miongo mingi waliofikia hatua ya pili ya aina hii walitibiwa kwa melarsoprol, dawa ya aseniki ambayo yenyewe iliua sehemu ya waliotibiwa. Mwaka 2024 Shirika la Afya Duniani lilitoa mwongozo unaoruhusu vidonge vya fexinidazole kwa aina hii pia. Tiba imerahisika, kumtambua mgonjwa bado kunategemea maswali anayoulizwa.

7. Hitimisho

Insha hii imeonesha kwamba malale ya Tabora yaliingia katika maandishi kwa jina la usingizi, lakini yalidhibitiwa kana kwamba hakuna anayelala. Filamu ya Méliès iliichukua ndoto kuwa burudani. Filamu ya Comandon ilikichukua kimelea kuwa ukweli wote. Utawala wa Tanganyika ulifuata njia ya pili, ukaona damu, mdudu na kichaka, na katika mambo hayo ulifanya kazi yenye matokeo. Gharama yake ilikuwa wagonjwa wa homa ambao hawakufanana na picha ya mlalaji, na makazi yaliyojengwa bila kujali mahali ambapo ndoto hujibiwa.

Kwa utafiti ujao kuna mapendekezo mawili. La kwanza ni kwamba historia simulizi ya malale katika mitaa kama Isevya iwaulize wazee kuhusu usiku wa wagonjwa: nani alikesha naye, alisema aliona nini, na alipelekwa kwa nani kwanza. La pili ni kwamba ramani za ugonjwa ziongezewe njia za warina asali, wakata mbao na wavuvi, kutoka kambini hadi nyumbani. Njia hizo ndizo zinazouunganisha msitu na mji hivi leo, kama njia ya misafara ilivyouunganisha mji huo na pwani pamoja na maziwa.